Louis Pergaud: Mwalimu wa Kijijini na Vita vya Vifungo

Louis Pergaud alizaliwa ndani ya shule. Baba yake, Élie Pergaud, alikuwa mwalimu wa kijiji cha Belmont katika mkoa wa Doubs, mashariki ya Ufaransa, karibu na mpaka wa Uswisi; na kwa kuwa ilikuwa ada ya nchi ile kumpa mwalimu maskani katika jengo lile lile alilofundishia, mtoto aliyezaliwa tarehe 22 Januari 1882 aliupokea ulimwengu kwa harufu ya chaki na kelele za wanafunzi nyuma ya ukuta. Miezi miwili baadaye, tarehe 28 Machi mwaka ule ule, serikali ya Jamhuri ikatoa sheria iliyofanya elimu kuwa faradhi kwa kila mtoto, wa kiume na wa kike, tangu umri wa miaka 6 hadi 13, na iliyoyatoa mafundisho ya dini katika shule za serikali ili yabakie kuwa kazi ya wazazi na kanisa. Sheria na mtoto walikua pamoja, na kabla ya kutimiza miaka 25 walikuwa wamekwisha kutiana mashakani.

Msomaji wa Kiswahili huenda hajapata kulisikia jina la Pergaud. Nchini kwake, kinyume cha hayo, ni nadra kumkuta mtu mzima asiyekijua kitabu chake cha mwaka 1912, La Guerre des boutons, yaani Vita vya Vifungo, ijapokuwa wengi wamekijua kwa njia ya sinema kuliko kwa njia ya kurasa, na wengi zaidi hawana habari kwamba mtunzi wake alikuwa mwalimu wa shule ya msingi aliyeichoka kazi ile, aliyekosana na kijiji alichopelekwa kufundisha, akaihama nchi yake ya kuzaliwa, kisha akatumia miaka michache iliyombakia kuandika, akiwa mbali, habari za nchi ile ile aliyoikimbia. Mimi naona hapo ndipo mlango wa kumwingilia mtunzi huyu. Yote aliyoyaandika yenye uhai aliyavuna katika miaka ambayo yeye mwenyewe aliihesabu kuwa ni ya dhiki, na katika kazi ambayo hakuipenda.

Walimu wa zama zile walihamishwa mara kwa mara, na jamaa ya Élie Pergaud ilimfuata kutoka Belmont hadi Nans-sous-Sainte-Anne, kisha Guyans-Vennes, kisha Fallerans, vijiji vidogo vya Franche-Comté katika uwanda wa juu wa milima ya Jura, ambako baridi huwahi kuja na huchelewa kuondoka, theluji hufunika njia, na watu huishi kwa ng'ombe wa maziwa, kwa jibini na kwa mbao za msituni. Baba alipenda kuwinda, na mtoto alipenda kumfuata. Basi Louis alipata madarasa mawili kwa wakati mmoja: moja la sarufi na hesabu chini ya jicho la baba yake, na jingine la nyayo, mashimo, mitego na harufu, ambalo halikuwa na mtihani wala cheti, lakini ndilo lililomfaa zaidi siku aliposhika kalamu.

Mwaka 1898 alipokelewa katika chuo cha ualimu cha Besançon. Vyuo vya namna hii vilikuwapo karibu katika kila mkoa wa Ufaransa, na kusudi lake halikuwa kufundisha ufundishaji tu. Vijana waliovaa nguo nyeusi, watoto wa wakulima wadogo, wa mafundi na wa walimu, walitiwa humo historia, hesabu, kilimo kidogo, muziki kidogo, na imani kubwa juu ya Jamhuri. Kisha wakatawanywa vijijini kuwa wajumbe wa dola mpya mahali ambapo kwa karne nyingi padri ndiye aliyekuwa msomi wa peke yake. Aghalabu mwalimu ndiye aliyekuwa pia katibu wa ofisi ya meya, akaandika vizazi, ndoa na vifo vya watu wale wale ambao watoto wao aliwachapa asubuhi kwa kushindwa imla. Ilikuwa kazi ya heshima, yenye mshahara haba, na yenye macho mengi juu yake.

Pergaud alikuwa bado chuoni msiba ulipomfika. Mwezi Februari 1900 baba yake alifariki dunia, na mwezi uliofuata mama yake naye akafa. Kijana wa miaka 18 akabaki yatima mara mbili katika muda wa majuma machache, na tangu hapo katika maandishi yake mauti hayakosekani, hata katika hikaya za wanyama, ambamo aghalabu mnyama hufa, tena hufa vibaya.

Alipomaliza chuo mwaka 1901 alipelekwa kufundisha Durnes, kijiji kingine cha mkoa ule ule. Akakatishwa kazi na utumishi wa jeshi, ambao ulikuwa lazima kwa vijana wote, akautimiza katika ngome ya Belfort, na akatoka na chuki ya kambi na amri ambayo hakuificha. Mwaka 1903 alimwoa Marthe Caffot, mwalimu mwenziwe. Katika miaka hiyo aliyekuwa karibu naye kuliko wote ni Léon Deubel, mshairi aliyezaliwa Belfort, mkubwa wake kwa miaka mitatu, mtu maskini aliyeyatoa maisha yake yote kwa mashairi bila ya kupokea chochote kutoka kwao. Deubel alimtia shime, akamsaidia hata kazi yake ya kwanza ikachapishwa mwaka 1904, diwani ndogo iitwayo L'Aube, yaani Alfajiri. Diwani ya pili, L'Herbe d'avril, ikafuata mwaka 1908. Sitakaa sana juu ya diwani hizi. Ni kazi za mwanafunzi hodari aliyejifunza vina na mizani kwa bidii na ambaye bado anazungumza kwa sauti ya watu wengine. Lau angekufa mwaka ule hakuna ambaye angemkumbuka.

Mwaka 1905 akahamishiwa Landresse, na hapo ndipo kisa chake kinapoiva.

Ili msomaji aelewe yaliyotokea, hana budi kujua hali ya Ufaransa ya wakati ule. Tarehe 9 Desemba 1905 sheria nyingine kubwa ilipita, iliyotenga kanisa na dola. Na mapema mwaka 1906 maofisa wa serikali walipokwenda makanisani kuandika orodha ya mali iliyokuwamo, mahali pengi waumini waliwafungia milango, wakapiga kengele, wakasimama na fimbo. Wilaya za Jura zilikuwa na vijiji vilivyoshikamana sana na Ukatoliki, na vingine jirani vilivyokuwa vya Jamhuri kabisa, hata ugomvi wa Paris ukageuka kuwa ugomvi wa mtu na shemeji yake. Katika hali hiyo ndiyo anaingia Landresse mwalimu kijana wa miaka 23, mtoto wa mwalimu, mwenye kuelekea upande wa wajamaa, asiyekwenda misa wala kufundisha katekisimu. Kwa sheria alikuwa na haki. Kwa kijiji alikuwa mtu mgeni aliyewanyima watoto wao dini. Wakamtenga, wakamfanyia inda, na kila jambo dogo la shule likawa daawa.

Nisingependa kumfanya yeye kuwa mwema mtupu na wanakijiji kuwa waovu watupu. Kijana mwenye kiburi cha elimu, mwenye huzuni ya uyatima na mwenye kuota kuwa mshairi wa Paris, hakuwa mtu rahisi wa kuketi naye, na watu wa milimani, ambao wamekaa karne nyingi kwa sheria zao, hawakuwa na wajibu wa kumpenda kwa sababu ya muhuri wa wizara. Lakini katika Landresse hiyo hiyo iliyomfungia milango palikuwa na nyumba zilizomfungulia. Katika mojawapo alimjua Delphine Duboz, binti wa kijijini, ilhali ndoa yake na Marthe ilikuwa imekwisha kupoa. Na alipokuwa amechoshwa na wakubwa, alikuwa na wadogo: watoto waliokuja darasani na matope magotini, mifuko imejaa kokoto na manati, wakizungumza Kifaransa kilichochanganyika na lahaja ya Franche-Comté, chenye matusi mazito na picha nzuri kwa pamoja. Kazi yake ilikuwa kuwasahihisha lugha hiyo, na yeye akaihifadhi moyoni neno kwa neno.

Mwaka 1907 alivunja yote kwa pamoja. Akamwacha mkewe, akaacha shule, akapanda gari la moshi kwenda Paris, ambako Deubel alikuwa akiishi kwa njaa. Delphine akaja baadaye. Talaka ilipokwisha kutolewa wakaoana mwaka 1910. Paris haikumpokea kwa shangwe. Alikaa kwenye meza ya karani katika kampuni ya maji, akiandika hesabu za wengine, na mshahara ulipokuwa haumtoshi akarudia kwa shingo upande ile kazi aliyoikimbia, akafundisha katika vitongoji vya nje ya mji, Arcueil na kisha Maisons-Alfort. Baadaye alipata cheo katika ofisi za serikali ya mkoa wa Seine, na humo ndimo alimokaa mpaka vita. Hakupata kuishi kwa kalamu peke yake, wala hakupata kuishi bila kalamu.

Katika chumba chake cha mjini, mbali na msitu, akaacha mashairi akageukia nathari, na mara mtu mwingine akatokea. Mwaka 1910 jumba la uchapaji la Mercure de France lilitoa kitabu chake De Goupil à Margot, hadithi za wanyama wa Franche-Comté: mbweha, fuko, sungura, kindi, chura, na ndege wa jamii ya kunguru. Wanyama hawa hawasemi wala hawatoi mawaidha. Si wale wa ngano wanaovaa nguo za watu ili kutufunza adabu. Pergaud anajaribu kutuingiza katika njaa yao na hofu yao. Mbweha Goupil anakamatwa hai na mwindaji aitwaye Lisée, ambaye kwa mzaha anamfunga njuga shingoni na kumwachilia. Tangu saa hiyo kila anapojongea, windo linasikia na kukimbia, wenzake nao wanamwogopa, na uhuru aliorudishiwa unakuwa adhabu mbaya kuliko kifo. Ndege Margot anafugwa katika nyumba ya ulevi, ananyweshwa pombe ili wanywaji wacheke, mpaka anaangamia. Haya si masimulizi ya kumlaza mtoto. Mtu aliyewahi kuwekwa kijijini akiwa amefungwa njuga ya serikali, kila aingiapo watu wakanyamaza, alijua vizuri anachokiandika, ijapokuwa sina dalili kwamba alikusudia tuisome hivyo.

Kitabu kile kikampatia, mwezi wa Desemba 1910, tuzo ya Goncourt. Tuzo hii ilitokana na wasia wa mwandishi Edmond de Goncourt, aliyekufa mwaka 1896 na kuamuru mali yake iunde jumuiya ya waandishi kumi wa kuchagua kila mwaka kitabu bora cha nathari; ilianza kutolewa mwaka 1903, na thamani yake ilikuwa faranga 5,000, fedha nyingi kwa mtu wa mshahara wa mwalimu. Miongoni mwa waliowania mwaka ule walikuwamo Guillaume Apollinaire na Colette, ambao leo majina yao ni makubwa kuliko lake mara nyingi. Magazeti yakamzukia huyu karani asiyejulikana kutoka milimani, yakamwuliza habari za msitu, yakampiga picha. Yeye akarudi ofisini. Mwaka uliofuata akatoa hadithi nyingine za wanyama, La Revanche du corbeau, kisha akakaa kuandika habari za watoto.

La Guerre des boutons ina anwani ndogo inayosema kuwa ni riwaya ya mwaka wake wa kumi na mbili, nayo imegawanyika katika sehemu tatu: Vita, Fedha, na Kibanda. Vijiji viwili vya jirani, Longeverne na Velrans, majina ya kubuni, vina uhasama wa jadi ambao chanzo chake, kwa masimulizi ya watoto wenyewe, ni mzoga wa ng'ombe uliokutwa mpakani na ambao hapana aliyetaka kuuzika. Longeverne ni wa Jamhuri. Velrans ni watu wa kanisa. Msomaji ataona mara moja kuwa Landresse ya mwaka 1905 imo humo, lakini imeshushwa mikononi mwa watoto, na huko imepata kuchekesha. Siku ya kwanza ya muhula, watoto wa Velrans wanawatolea wa Longeverne tusi ambalo maana yake walengwa hawaijui barabara. Wanakaa baraza, wanalijadili kama makadhi, wanakubaliana kuwa kwa vyovyote vile ni kubwa na lazima lilipwe.

Vita vinapiganwa jioni baada ya shule, kwa kokoto, fimbo na manati. Jemadari wa Longeverne ni Lebrac, mtoto wa mkulima, mzito wa masomo na mwepesi wa hila. Mshauri wake ni La Crique, ambaye anajua kila kitu. Yupo Camus hodari wa kupanda miti, yupo Tintin, na wapo ndugu wawili Gibus ambao mdogo wao amependwa na Wafaransa kuliko wote. Lebrac ndiye anayevumbua adhabu ya mateka. Mateka hapigwi sana. Anakatwa vifungo vyote vya nguo, kamba za viatu, kanda za kushikia suruali, kisha anaachiliwa aende kwao akiishika suruali kwa mikono miwili. Adhabu ya kweli inamngoja nyumbani, kwa kuwa katika nyumba za maskini kifungo ni mali, na mama atapiga kelele na baba atapiga kwa mkanda. Basi watoto wanadhuriana kwa kutumia wazazi wao kama silaha, na hapana hata mzazi mmoja anayetambua kuwa ametumiwa.

Naye Lebrac anakamatwa kwa zamu yake, anakatwa vifungo, anachapwa nyumbani hata hawezi kuketi. Katika maumivu anapata rai: jeshi lipigane uchi, adui asipate cha kukata. Wanajaribu, wanashinda, lakini nchi ile ni ya baridi na mwaka unakwenda ukingoni. Hapo inaanza sehemu ya pili, ambayo kwa maoni yangu ndiyo bora. Jeshi linataka hazina ya kununulia vifungo, sindano na uzi, na hazina inataka kodi. Lebrac anapendekeza kila askari atoe sarafu ndogo kwa mwezi. Wale ambao wazazi wao hawawapi hata ndururu wanapinga. Wenye nacho wanauliza kwa nini walipie wengine. Na mtoto wa kijijini ambaye darasani hakuweza kujibu swali moja juu ya uraia anasimama kuhoji maana ya kuishi katika Jamhuri ikiwa maskini na tajiri hawatakuwa sawa mbele ya vifungo. Wanatafuta vijisenti kwa ujanja wa kila namna, Tintin anakuwa mtunza fedha, na dada yake Marie, mpenzi wa Lebrac, anashona.

Hapa ndipo mwalimu anapojitokeza. Katika riwaya yumo mwalimu wa kijiji, mzee Simon, mtu wa kanuni, anayeuliza vipimo vya mita na wajibu wa raia, naye mbele yake Lebrac anatoka jasho huku La Crique akimnong'onezea majibu kwa ishara walizokubaliana. Pergaud angeweza kumfanya Simon kuwa yeye mwenyewe, mwalimu mwema asiyeeleweka, lakini hakufanya hivyo. Alimweka upande wa watu wazima, wasiojua lolote la kweli juu ya watoto walio mbele ya macho yao, na yeye akahamia kwenye mabenchi ya nyuma. Ninavyofahamu mimi, hiki ndicho kitendo cha ukarimu mkubwa kupita vyote alivyofanya kwa kalamu. Mwalimu aliyeonewa na kijiji alipata nafasi ya kulipiza kisasi kwa maandishi, akaitumia kujicheka yeye na kazi yake, na kuwapa ushindi watoto wa wale waliomwonea.

Sehemu ya tatu inageuka giza. Watoto wanajenga kibanda msituni, wanafanya karamu, na msaliti, Bacaillé, anawaonyesha adui mahali kilipo. Kibanda kinabomolewa, hazina inaibwa, msaliti anaadhibiwa na wenzake kwa ukatili ambao mwandishi haupunguzi, na kelele zake zinawafikia wazazi, ambao wanawachapa watoto wote wa kijiji katika usiku mmoja. Maneno yanayofunga kitabu anayasema La Crique, nayo ni machungu. Sitayataja hapa, ili nisimnyang'anye msomaji haki yake. Katika dibaji Pergaud alimwita Rabelais, mwandishi wa karne ya 16, kuwa shahidi wa uhuru wake wa kutumia matusi, na akaonya kwamba hakukusudia kitabu cha watoto wala cha wanawali. Historia ikamcheka: leo kinasomwa mashuleni.

Mwaka 1913 kilitoka Le Roman de Miraut, habari za mbwa wa kuwindia na bwana wake Lisée, yule yule aliyemfunga mbweha njuga, mwindaji asiyejali sana hati ya serikali. Mke wa Lisée hamtaki mbwa, anashurutisha auzwe, mbwa anauzwa, na mbwa anarudi. Ni kitabu kitulivu, chenye huruma kuliko vyote, na nadhani kimefunikwa bila haki na umashuhuri wa kile cha vifungo. Mwezi Juni mwaka ule ule Léon Deubel, akiwa hana tena kitu wala tumaini, alichoma maandishi yake na kujitupa katika mto Marne. Pergaud, ambaye bila ya Deubel asingeandika mstari, alikuwa amepata tuzo, nyumba na mke. Mwenziwe hakupata hata kimoja.

Mwezi Agosti 1914 vita vya Ulaya vilipolipuka, Pergaud, adui wa kambi na mchukia vita, aliitwa Verdun katika kikosi cha 166 cha askari wa miguu. Alikwenda bila ya kusitasita, akiamini kwamba nchi iliyoingiliwa haina budi kulindwa, na tangu siku za kwanza akaandika daftari ambalo halikuchapishwa ila mwaka 2011: baridi, matope, vijiji vilivyobomoka, chakula, wenzake, habari chache zenye makali. Alikuwa sajini, mwezi Machi 1915 akapandishwa kuwa luteni usu. Mwezi mmoja haukutimia. Katika usiku wa tarehe 7 kuamkia tarehe 8 Aprili 1915 kikosi chake kiliamriwa kushambulia mahandaki ya Wajerumani karibu na Marchéville, katika uwanda wa Woëvre, mvua ikinyesha. Aliwaongoza watu wake mpaka kwenye waya wa miba, na huko akaanguka. Inasimuliwa kwamba alijeruhiwa tu, Wajerumani wakamwokota wakampeleka katika hospitali yao ya muda, na asubuhi mizinga ya Wafaransa wenyewe ikaliteketeza jengo lile. Mwili wake haukupatikana. Alikuwa na miaka 33.

Miezi sita na nusu kabla yake, katika mkoa huo huo wa Meuse, alikuwa ameuawa Alain-Fournier, mtunzi wa Le Grand Meaulnes, naye pia mtoto wa walimu wa shule ya kijiji, naye pia mwandishi wa utoto wa mashambani. Mmoja aliuandika utoto kwa ndoto, mwingine kwa kokoto. Majina yao yote mawili yamechongwa katika Panthéon, Paris, pamoja na mamia ya waandishi waliokufa katika vita vile.

Delphine aliishi kama mjane wa mwandishi, na hadithi za wanakijiji alizoziacha mumewe zikatoka mwaka 1921 kwa jina la Les Rustiques. Vita vya Vifungo vilifanywa sinema mara ya kwanza mwaka 1936 na Jacques Daroy, na miongoni mwa watoto waliocheza alikuwamo Charles Aznavour, ambaye baadaye alikuja kuwa mwimbaji mkubwa. Mwaka 1962 Yves Robert akaifanya upya kwa watoto wasio waigizaji wa kazi, na karibu watu milioni 10 nchini Ufaransa walikwenda kuitazama. Hiyo ndiyo picha iliyoganda katika fikira za Wafaransa. Katika mwaka 1994 ikafanywa nyingine kwa Kiingereza, vijiji vikahamishiwa Ireland. Haki za urithi zilipokwisha mwaka 2010, kwa kuwa sheria ya Ufaransa huongeza miaka kwa waandishi waliokufa vitani, watengenezaji wawili wakakimbilia kitabu kile kile, na Septemba 2011 sinema mbili za Vita vya Vifungo zikatoka katika majuma mawili yaliyofuatana, zote mbili safi, zenye nguo nzuri, na zenye matusi machache kuliko yale aliyoyasikia Pergaud darasani Landresse.

Mwenye kujua Kifaransa na mwenye nia ya kumsoma asianze na sinema, wala asianze na mashairi. Aanze na hadithi ya kwanza ya De Goupil à Margot, ile ya njuga, ambayo haizidi jioni moja. Kisha achukue Vita vya Vifungo akiwa na kamusi ya lahaja karibu, kwa kuwa hata Wafaransa wa mjini huikwaa lugha ile. Na Miraut amwekee siku ambayo hana haraka.